Siku moja na hatua sabini: Baraza linapomtuma mpima ardhi

Saa 11:15 alfajiri. Betri za GPS zimejaa chaji, za kwangu mwenyewe bado. Nakunywa chai ya rangi huku nikisoma tena amri ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Hadidu za rejea ni mbili tu: pima eneo lenye mgogoro, kisha onyesha kwenye ramani mpaka unaodaiwa na kila upande. Hakuna palipoandikwa niamue. Ningetamani maneno hayo yabandikwe mgongoni mwa fulana yangu, maana ikifika saa nne kila mtu atakuwa ameyasahau.

Saa 12:30. Barabara ya Kilwa, tunaelekea Mkuranga. Maji na chapati tumebeba wenyewe. Zamani niliwahi kupokea soda kwa mleta maombi, yaani aliyefungua kesi; mwezi uliofuata wakili wa upande wa pili akaniuliza mbele ya Mwenyekiti wa Baraza ilikuwa soda gani.

Saa 2:40 asubuhi. Wadaawa, yaani pande zote mbili za kesi, wapo, mwenyekiti wa kitongoji yupo, majirani wanaopakana wapo. Akikosekana mmoja wa wadaawa, sifungui hata begi. Nasoma amri kwa sauti, watu wanasaini mahudhurio. Bibi mmoja anaweka dole gumba, kisha anauliza kama sasa shamba limerudi kwake.

Saa 3:30. Shamba lenyewe halijawahi kupimwa, ila jirani wa kusini kapima, kwa hiyo naanzia kwake. Msaidizi wangu anachimba taratibu kwa jembe mpaka linalia kwenye zege. Tunamwagia maji, tunasugua kwa kidole, namba ya bikoni, alama ya zege ya mpaka, inajitokeza. Ya pili haipo. Inasemekana iling'olewa na greda. Ramani ya jirani ni ya mfumo wa zamani wa kutaja mahali kwa namba, Arc 1960, na GPS inasoma mfumo mwingine, WGS84. Ukisahau kubadilisha, unahama karibu mita 300. Mwaka wangu wa kwanza kazini nilisahau, kiwanja cha mtu kikaangukia katikati ya uwanja wa shule.

Saa 5. Hapa ndipo penye kesi. Karatasi ya mauziano inasema "hatua 70 kwa 70, kuanzia kwenye minyaa". Upande wa minyaa hakuna ubishi. Upande wa pili mleta maombi anasema mpaka ni mwembe, mjibu maombi, yaani aliyeshtakiwa, anasema ni ule uzio wa miti alioujenga yeye. Muuzaji alishafariki, kaondoka na miguu yake.

Wasiojua: ekari ya hatua 70 kwa 70 inatokana na yadi. Yadi 70 ni mita 64, na ukizidisha unapata ekari moja na kaziada kidogo. Siku hizi watu wanazifanya hatua hizo kuwa mita, na mita 70 kwa 70 ni karibu ekari moja na robo. Ugomvi mwingi wa Pwani ninaotumwa kupima umeanzia hapo.

Mleta maombi kaja na mpwa wake, kijana mrefu kama mnazi, atembee hatua 70. Mjibu maombi naye kamsimamisha mzee mfupi mwenye mkongojo, aliyekuwa shahidi siku ya mauziano. Nawaacha watembee, ili asiwepo wa kusema kanyimwa haki. Kijana anaupita mwembe. Mzee anaishia ndani ya uzio, tena mbali, anakaa kwenye kisiki. Watu wanacheka, hata wenye kesi.

Saa 8 mchana. Jua kali. Mleta maombi anaangua madafu. Nashukuru, nakataa, koo limekauka.

Saa 2 usiku. Nyumbani, kompyuta. Kutoka kwenye minyaa mpaka kwenye uzio ni mita 59.2, mpaka kwenye mwembe, 64.1. Wanagombania ukanda wa mita 4.9, unaotosha njia ya gari. Nagawanya kwa 70, kwa udadisi tu: hatua ya uzio ni sentimita 84.6, ya mwembe 91.6. Yadi ni 91.4. Nimeiandika hesabu hiyo kwenye ripoti, nikaitazama, nikaifuta. Sijaulizwa. Wakiniita kuhojiwa na mtu akauliza, nitajibu.

Betri zirudi kwenye chaji. Kesho Kisarawe.