Pac-Man bado anatukesheza

Jana usiku nilimpa mpwa wangu simu ajaribu Pac-Man. Saa sita tulikuwa bado tunapokezana. Mchezo wa video wa mwaka 1980, jamani: unakula nukta vichochoroni huku mizimu inakufukuza!

Mimi raha yangu ni ile mizimu minne. Utotoni nilidhani inakimbia ovyo tu. Kumbe mbunifu wake, Toru Iwatani, na wenzake wa kampuni ya Namco walimpa kila mmoja tabia yake: Blinky, yule mwekundu, anakuandama mgongoni, Pinky analenga mbele yako ili akuzibie njia, Clyde akikukaribia anageuka na kurudi kwenye kona yake. Ukishalijua hilo, vile vichochoro vya bluu unavitazama kwa jicho jingine kabisa.

Ila kipenzi changu ni Ms. Pac-Man wa 1982. Ramani ziko nne, matunda yanatembea, na mizimu haikaririki kirahisi. Pac-Man Championship Edition ya 2007 nayo tamu: maliza nukta za upande mmoja, tunda linatokea, ukilila nukta zinajaa upya.

Mpwa wangu alinaswa na Pinky mara tatu pale pale. Asubuhi, hata chai hajanywa, kashaniomba simu.