Kuelekea Johns Island

Mwenyeji wangu alinielekeza kwa mkato: shika Septima Clark Parkway, vuka mto Ashley, kisha Maybank Highway hadi Johns Island, kisiwa kilicho karibu na Charleston. Barabara yenye jina la mwalimu yuleyule niliyemfuata South Carolina, Septima Clark, mwanamke Mweusi aliyepigania haki ya kupiga kura! Furaha ilipungua nilipoambiwa kwamba ilipopasuliwa kati ya mji wa Charleston miaka ya 1960, nyumba nyingi za Weusi zilibomolewa. Heshima nyingine zina kejeli.

Kwa gari ni mwendo mfupi. Mwaka 1916 Clark, msichana wa miaka 18, alikwenda kwa mashua, maana shule za umma za Charleston hazikuajiri walimu weusi. Mwaka 1956 alifukuzwa kazi kwa kukataa kujitoa NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi, na pensheni ikapotea. Alikuja kurudishiwa mwaka 1976 tu. Baada ya kufukuzwa alipata kazi Highlander, shule ya wanaharakati huko Tennessee, na kutoka huko akakikumbuka kisiwa.

Esau Jenkins, kiongozi wa Weusi wa kisiwani, alipita njia hii akiendesha basi la wafanyakazi wa mjini, akiwafundisha abiria katiba humohumo. Ili uandikishwe kupiga kura, ilikubidi usome kifungu chake. Mimi nikisoma garini natapika.

Kwenye River Road mialoni imeinamiana, magugu yakining'inia kama ndevu. Nikazikuta kuta za Progressive Club, klabu ya ushirika ya kina Jenkins, jengo la 1963 lililoharibiwa na kimbunga Hugo mwaka 1989. Darasa la kwanza la Clark la kuwafundisha watu wazima kusoma ili wapige kura lilianza mapema zaidi, Januari 1957, kwenye chumba cha nyuma cha duka la ushirika la klabu hiyo. Mbele bidhaa, nyuma shule, wazungu wasishtuke.

Clark hakusimama ubaoni yeye. Alimchagua binamu yake Bernice Robinson, msusi, ambaye hakuwahi kusomea ualimu. Hapo ndipo ninapomvulia kofia. Nimefundisha kisomo cha watu wazima: mzee akishika penseli mara ya kwanza huibana mpaka ivunjike, na mwalimu mwenye makuu humfukuza kwa jicho tu. Msusi amezoea kusikiliza. Wanafunzi wake walitaka kwanza kuandika majina yao, kusoma Biblia, kujaza fomu za hawala. Katiba ikafuata.

Nilikaa pale nusu saa, hakupita mtalii hata mmoja. Jioni mvua ilinyesha. Septima Clark Parkway ikajaa maji, kama kawaida yake, tukazunguka kwa njia nyingine.