Vipande vya paini vya kujumlishia sehemu: kumbukumbu ya mradi wangu, Mafinga

Wiki ya 1
Urefu wa kizima umeamuliwa: sm 24. Inagawanyika kwa 2, 3, 4, 6, 8 na 12 bila baki. Nusu ni sm 12, theluthi 8, robo 6, moja ya sita 4, moja ya nane 3, moja ya kumi na mbili 2. Urefu wa sm 30 ungelingana na rula ya dukani, ila robo yake ni sm 7.5 na moja ya nane ni 3.75, vipimo vinavyopotea ndani ya unene wa penseli.

Mbao ni paini ya Mufindi, iliyokauka vizuri. Urefu wa kipande ufuate nyuzi za mbao: paini husinyaa upana, urefu haubadiliki kiasi cha kuonekana.

Wiki ya 2
Seti ya kwanza imetupwa. Kizima kilikatwa mara 11 kupata vipande 12, na kila mkato msumeno ulikula milimita 1.5. Jumla milimita 16.5 zimekuwa vumbi, vipande vyote vikipangwa vinafika sm 22.35 tu. Mtoto akiona hivyo ataamini 12/12 haifiki 1, na kumtoa hapo ni kazi ngumu. Sasa kila kipande kinapimwa upya baada ya mkato, kinaachiwa milimita 1, kisha kinapigwa msasa hadi kwenye alama.

Wiki ya 3
Jaribio: debe 2 3/4 za mahindi na debe 1 5/6. Vizima kwanza: 2 + 1 = 3. KDS (kigawe kidogo cha shirika, yaani namba ndogo kabisa inayogawanyika kwa zote mbili) ya 4 na 6 ni 12, hivyo 9/12 + 10/12 = 19/12. Mezani ni sm 18 na sm 20, jumla 38. Toa kizima kimoja cha 24, zinabaki 14, yaani 7/12. Jibu: debe 4 7/12.

Hapo kuna kosa linalorudi mara kwa mara: kutoka 19/12 wanafunzi wanabeba kumi, wanaandika 4 9/12. Wamezoea makumi na mamoja. Hapa kinachobebwa ni 12, kwa sababu asili (namba ya chini ya sehemu) ndiyo inayotimiza kizima. Kosa jingine, 1/2 + 1/3 = 2/5, vipande vinalikataa papo hapo: 12 + 8 ni sm 20, yaani 5/6, wakati 2/5 ni sm 9.6, pungufu ya ile nusu tuliyoanza nayo!

Njia ya kugeuza kila kitu kuwa sehemu guni (ambayo namba ya juu inazidi ya chini) ni sahihi, lakini inalea namba kubwa bure. 12 5/8 + 7 2/3 inakuwa 303/24 + 184/24 = 487/24. Kwa vizima kando: 19, kisha 15/24 + 16/24 = 31/24. Zote zinatoa 20 7/24, na ya pili mtoto anaimaliza kichwani.

Wiki ya 4
Kopo la lita 4 ni 1/5 ya ndoo ya lita 20, na 1/5 ya sm 24 ni 4.8. Seti ya pili itakuwa ya sm 60, kwa ajili ya asili 5, 10 na 15. Asili 8 ibaki kwenye ya kwanza. Zitapakwa rangi tofauti, kwani kipande cha sm 12 ni nusu kwenye seti moja na 1/5 kwenye nyingine.