Kazi yako nini, mwanangu?

Jana asubuhi nilikwenda kwa sheha, kiongozi wa serikali wa mtaani kwetu, kuchukua barua ya kuombea pasipoti. Nilimkuta barazani, miwani puani, daftari mapajani. Jina, umri, nyumba, vyote alivijaza upesi. Kisha akauliza, "Kazi yako nini, mwanangu?"

Nikamwambia natengeneza katuni. Akaandika "mchoraji", kalamu ikasita. "Mchoraji wa piko, au wa zile picha za tembo za kuuzia watalii?"

Hapo ndipo ninapokwama siku zote.

Kinachonilisha ni storibodi. Mtu ananitumia kutoka Dar es Salaam maandishi ya tangazo la sekunde 30, nami nayageuza vijipicha ndani ya visanduku: kamera ikae wapi, nani aingie kwa kushoto, mshale wa kuonyesha chupa inavyoinuliwa, na chini yake maneno yatakayosemwa. Siku ya kupiga filamu karatasi zangu zinapita mikononi mwa kila mtu, zinamwagikiwa chai, jioni zinatupwa. Silalamiki, ndivyo kazi ilivyo. (Uongo, nalalamika. Kuna usiku nilichora visanduku 22 bila kulala, kulipokucha nikaambiwa yule mama wa kwenye tangazo sasa ni baba. Nikampa masharubu nikarudisha.)

Kinachoninyima usingizi kwa hiari yangu ni mchanga. Nalaza kioo juu ya taa, kamera inaning'inia ikitazama chini, nasukuma mchanga kwa kidole na brashi, napiga picha, nasukuma tena. Penye mchanga pana kiza, nilipoufuta pana mwanga. Ili niipate picha ya pili lazima niiharibu ya kwanza, na ikishaharibika hairudi. Picha hizo zikifuatana upesi ndiyo filamu, nayo inakwenda fremu 24, yaani picha tuli 24, kwa sekunde. Mimi kila picha naikalisha fremu mbili, kwa hiyo sekunde moja inataka picha 12. Siku ikiwa njema napata picha 48. Sekunde nne! Feni nimeizima, dirisha nimelifunga ili upepo wa kusi usiingie, jasho linanitiririka kama mchukuzi wa bandarini, na tone moja tu likidondoka kwenye kioo, mchanga unagandamana na uso wa mtu unaota chunusi. Mchanga wenyewe nao ulinitesa. Ukiuchukua pwani vivi hivi una chumvi, unavuta unyevu. Niliuosha kwa maji ya mfereji mpaka mikono ikakauka, nikauanika, nikauchekecha kwa chekecheo ya unga ya mama. Wiki ile chapati za kwetu zilikuwa na sauti.

Si mimi niliyeyaanza haya. Caroline Leaf alitengeneza kwa mchanga, huko Kanada mwaka 1974, filamu ya bundi aliyeoa bata bukini. Zamani zaidi, Lotte Reiniger, Mjerumani, alishika mkasi akakata vivuli vya karatasi nyeusi kusimulia hadithi za Alfu Lela Ulela. Kazi ya miaka mitatu, ikatoka mwaka 1926. Nilipoiona mara ya kwanza nilicheka peke yangu. Vile vivuli nilikuwa nikivijua. Bibi alikuwa akivifanya ukutani.

Ilikuwa Disemba 2009, laini ya umeme inayopita chini ya bahari kutoka bara ilipoharibika, Unguja ikakaa kiza mpaka Machi 2010. Nilikuwa na miaka tisa. Bibi aliweka chemli nyuma ya mikono yake, ukuta ukajaa sungura, bibi harusi, na mwanamume mwenye tumbo ambaye sote tulijua ni nani lakini hatukumtaja. Umeme uliporudi mtaa mzima ulipiga kelele. Bibi akautazama ukuta, akasema, "Haya, watu wangu washakwenda zao."

Filamu yangu ni ya miezi ile. Mwanamke amekaa kwenye mbuzi anakuna nazi kizani, na kinachodondoka kwenye bakuli ni mwanga.

Sasa sheha ningemweleza vipi yote hayo? "Basi nionyeshe ulichochora," akasema. Sina karatasi, sina ubao. Nikatoa simu, nikamwekea sekunde tisa nilizokwisha kuzimaliza. Akatazama. Akaniambia nirudie. Akamwita mkewe ndani, wakatazama wote mara tatu, nami nikaanza kujiona mtu.

Mke wa sheha akanirudishia simu. "Nzuri, mashaallah. Lakini huyu mwanamke hajakuna nazi maishani mwake. Kifuu amekishika kama sahani. Kinazungushwa, mwanangu."

Na kweli. Sekunde tisa, picha 108, na mchanga wake ulishageuka kitu kingine siku nyingi.

Barua nimepata. Kwenye kazi pameandikwa "Mchoraji wa mchanga".

Njiani nikapita soko la Darajani nikanunua nazi mbili. Jioni mama akakaa kwenye mbuzi, mimi nikalala sakafuni na simu namrikodi mikono, huku akinigombeza kwamba namzibia mwanga. Kifuu kinageuka kidogo kidogo, kila baada ya msuguo mmoja au miwili, na gumba la kulia ndilo linalokisukuma. Gumba hilo mimi sikulichora kabisa.