Gemu likigoma kuinstoli usikimbilie kununua diski

Jamani wenye kompyuta za Windows hapa Mtwara naomba mnisikilize kidogo. Mdogo wangu wa Chikongola kaja na mashine yake, kila akiinstoli gemu la mpira linafika katikati linagoma, na kuna fundi keshamwambia diski ya ndani ya kompyuta imekufa anunue mpya. Diski mpya kwa hela ipi, korosho zenyewe hazijauzwa! Nikamwambia tulia kwanza.

Nikaangalia flashi aliyokopia kule Masasi, kumbe iko kwenye FAT32, yaani ule mpangilio wa flashi wa kutunza mafaili, na FAT32 haipokei faili moja linalofika GB 4 hata kama flashi yenyewe ni ya GB 64, kwa hiyo vifaili vidogo viliingia lile kubwa likabaki kulekule, instola inalitafuta hailioni inakufa. Tukahamisha vitu vyake vyote pembeni maana kufomati kunafuta kila kitu, tukaiweka NTFS, mpangilio mwingine unaopokea mafaili makubwa, tukakopi upya, likaenda hadi mwisho.

Kulifungua sasa, linadai halioni MSVCP140.dll, kifaili cha Windows ambacho gemu linakitegemea ili lifunguke. Hapa ndo watu wanaumizwa, wanadaunilodi hiyo dll kwenye visaiti vya ajabu wanaingiza virusi, wakati inakuja ndani ya Visual C++ Redistributable ya Microsoft wenyewe, ni bure na hailii bando sana, weka ya x86 (biti 32) na ya x64 (biti 64) zote halafu zima uwashe.

Na hata ukiinstoli kwenye sehemu ya D ya diski acha nafasi C, ile yenye Windows, pia, mainstola mengi yanafungulia mafaili yao hapo kwanza. Dogo saa hizi anacheza, diski ni ileile.