Ba'mdogo kaniuliza, "Huko Korea wanaibaje?"

Wandugu za siku nyingi, nimerudi. Niliondoka Agosti 2017, basi likanishusha Ubungo, nikaenda zangu uwanja wa ndege na begi moja na kapu la mchele wa Kyela ambalo hata hivyo nililiacha kwa binamu sababu lilizidi kilo. Safari hii nimetua nikauliza gari za Ubungo, dereva akacheka, dada mabasi ya mikoani yako Mbezi siku nyingi, wewe ulikuwa wapi. Nilikuwa Incheon, Korea Kusini, miaka minane kasoro mwezi mmoja. Nilienda kusoma, nikamaliza, nikapata kazi, nikasema mwaka mmoja tu, si mnajua huo mwaka mmoja ulivyo.

Njiani sitaki kuelezea sana, kila mtu anaijua ile njia. Vitunguu vya Ruaha Mbuyuni, malori yanavyohema kupanda Kitonga, abiria wa Iringa wanashuka Ipogolo unabaki na wa kwenu. Ila baridi ya Makambako bana! Mimi nimeishi sehemu inashuka nyuzi kumi chini ya sifuri, lakini pale saa moja jioni nilijifunga khanga mpaka kichwani, maana kule Korea ukiingia ndani sakafu yenyewe ina moto chini, unavua soksi, huku kwetu unatoka kwenye baridi unaingia kwenye baridi nyingine yenye kuta.

Uyole nimefika saa nne kasoro usiku, vumbi la ile barabara ya njia nne ya kwenda Ifisi ndo limenipokea. Ma'mdogo kapika mbalaga, zile ndizi zetu, kanisalimia Kinyakyusa "ugonile" nikajikuta natafuta jibu kama mtoto, ulimi ulikuwa umeshazoea kuinamisha kichwa na kusalimia Kikorea. Maswali ya siku mbili za kwanza mnayajua: umeolewa, umeleta nini, kweli wanakula mbwa. Siku ya tatu ndo ba'mdogo akasogeza kigoda karibu na jiko la mkaa, akaniuliza kwa sauti ya chini kabisa kama anauliza dawa: "Mwanangu, hao Wakorea kwenye uchaguzi wa wabunge, wao wanaibaje?"

Hajauliza kama wanaiba, kauliza wanaibaje.

Nilicheka. Halafu nikaona yeye hacheki.

Mnisamehe nieleze kwanza ya kule, maana bila hayo hamtanielewa kwa nini nilikosa jibu. Nilikuwa nimepanga chumba juu ya nyumba ya bibi mmoja, mjane, nilikuwa namwita halmoni, ndo bibi kwa Kikorea. Aprili 15, 2020 wakafanya uchaguzi wa bunge, viti 300, katikati ya korona. Watu wanapimwa joto mlangoni, wanapewa glovu za plastiki, ndo wanaingia kugonga muhuri, kule hawaweki alama ya vema. Karatasi ya kuchagua chama ilikuwa na vyama 35, urefu sentimita 48.1, haikuingia kwenye mashine ikabidi ihesabiwe kwa mikono. Usiku nilikaa na halmoni tunaangalia televisheni, wao matokeo wanayaonyesha kama katuni, wagombea wanakimbia wanaruka viunzi, mi naona burudani tu. Chama tawala na mshirika wake wakapata viti 180. Halmoni akazima televisheni. Akasema haiwezekani.

Kuanzia hapo nikaishi na tuhuma za wizi wa kura kama mtu anavyoishi na mpangaji mwenzake. Kule kuna kura ya mapema, siku mbili, Ijumaa na Jumamosi, unapiga kituo chochote nchi nzima, na waliopiga hivyo mwaka ule walikuwa zaidi ya robo ya wapiga kura wote walioandikishwa. Sasa kwenye hizo kura za mapema, Seoul, Incheon na mkoa wa Gyeonggi, waliolalamika wakasema ukichukua vyama viwili vikubwa unapata asilimia 63 kwa 36 kote kote, sehemu tatu tofauti namba ile ile, nani kapanga? Halafu ikaja ya msimbo wa QR kwenye karatasi wakati sheria imesema msimbo pau (barcode). Halafu karatasi zilizonyooka, hii ndo halmoni aliipenda kuliko zote, ananiambia we mtoto, karatasi imekunjwa, imetumbukizwa kwenye sanduku, inatokaje imenyooka kama noti ya benki?

Na mi nilikuwa nambishia. Nikamwambia halmoni, watu wa upande wako wenyewe walikuwa wanaambiana wasiende kura ya mapema wasubiri siku yenyewe, sasa unategemea kura ya mapema ifanane na ya siku yenyewe? Ananijibu wewe mgeni. Basi.

Kwenye jimbo moja la pale pale Incheon, Yeonsu, mbunge aliyekuwa anatetea kiti, Min Kyung-wook, alishindwa kwa kura 2,893 akaenda mahakamani. Kule kesi ya ubunge inaenda moja kwa moja Mahakama ya Juu. Na masanduku yakafunguliwa, nataka mlishike hili, Juni 2021 yakafunguliwa kweli, majaji wapo, mawakili wa pande zote wapo, karatasi zikahesabiwa upya moja moja. Halmoni alienda na kiti chake cha kukunja na chupa ya chai, akakaa nje ya mahakama na wenzake. Ikaonekana kuna karatasi za ajabu ajabu, ipo moja waliyoibatiza jani la kabichi sababu karatasi ya kijani ya chama ilichapwa ikapandana na ile ya mgombea. Lakini mshindi akabaki yule yule, na Julai 2022 mahakama ikatupa kesi, ikasema mlalamikaji hajaonyesha nani kaiba na kaibaje. Kesi za uchaguzi ule zilikuwa zaidi ya 120 nchi nzima, hakuna hata moja iliyopita.

Unadhani halmoni alikubali? Aliposikia hukumu akasema majaji nao wamo.

Uchaguzi wa 2024 tume yao ikaongeza hatua ya mtu kukagua kila karatasi kwa mkono baada ya mashine kuchambua, na masanduku ya kura za mapema yakawekewa kamera masaa 24 mtu yeyote anaweza kuangalia. Halmoni akasema hiyo video ni ya kurekodi. Na ningeendelea kumcheka mpaka naondoka, ila usiku wa Desemba 3, 2024 rais mwenyewe, Yoon Suk Yeol, mtu ambaye tume ile ile ndo ilimtangaza mshindi 2022 kwa tofauti isiyofika asilimia moja, akatangaza sheria ya kijeshi na askari wakapelekwa mpaka ofisi za tume ya uchaguzi, ati wakakague mitambo. Wabunge 190 wakafika ndani, wengine kwa kuruka uzio na kusukumana, wakapiga kura kuifuta kabla hakujakucha. Aprili 4, 2025 Mahakama ya Katiba ikamwondoa. Kwa hiyo yale maneno ya halmoni na kiti chake cha kukunja yalifika ikulu, yakaleta helikopta. Tangu siku hiyo sikumcheka tena, lakini pia sikumwamini.

Sasa nyumbani.

Ba'mdogo wangu 2020 alikuwa wakala wa chama kwenye kituo cha kura. Chama sikitaji, jimbo silitaji, ni huku huku nyanda za juu, inatosha. Mnakumbuka ule mwaka. 2015 Chadema ilikuwa na Mbeya Mjini, Iringa Mjini, Tunduma, Mbozi, Momba, watu huku tulikuwa tunajiona kama nchi nyingine, 2020 vyote vikaondoka, majimbo 264 CCM ikachukua 256. Mi niko kule natafuta habari, mitandao huku imebanwa, namtumia binamu ujumbe unabaki tiki moja. Na jinsi siasa ilivyogeuka, niliondoka Mchungaji Msigwa, yule mbunge wa Iringa Mjini, ni Chadema kindakindaki, nimerudi naambiwa yuko CCM, nikauliza mara mbili nikidhani wananitania.

Basi ba'mdogo akaingia ndani akatoka na mfuko wa nailoni. Ndani ya mfuko bahasha. Ndani ya bahasha kipande cha kalenda ya zamani, upande wa nyuma kaandika kwa kalamu ya bluu namba, mistari mitano mitano kama wanavyohesabu magunia ya viazi. Hiyo ndo hesabu yake ya kituo. Anasema walipomaliza kuhesabu aliomba nakala ya fomu ya matokeo kama mawakala wanavyotakiwa kupewa, akaambiwa subiri, fomu zimeisha, zinaletwa. Akasubiri. Karatasi ya kubandika ukutani hakuiona mpaka saa nne usiku anaondoka. Kesho yake matokeo ya jimbo yanatangazwa kwa jumla, yeye anajua cha kituo chake tu, na ana kalenda.

Nikamuuliza mbona hamkwenda mahakamani, maana ya urais katiba imefunga ila ubunge unaruhusiwa. Akaniangalia kama nimeshuka jana, kweli nilikuwa nimeshuka juzi. Siku 30 za kufungua kesi, halafu dhamana mpaka milioni tano kwa kila unayemshtaki, na huwezi kumshtaki mmoja. "Na ushahidi wangu ni kalenda," akasema. Ukweli hapo alinichoma, maana huyu mzee anaujua udhaifu wa kesi yake kuliko mawakili wa Seoul walivyoujua wa kwao.

Mi nimekaa pale moto unanichoma magoti mgongo unaganda, nawaza. Halmoni alikuwa na kila kitu, karatasi zimetunzwa, mahakama imefungua, televisheni imeonyesha, na hataki kuamini. Ba'mdogo hana hata fomu moja. Ukiwasikiliza wanaongea maneno yale yale, haiwezekani, tulikuwa wengi, kila mtu hapa mtaani alipiga huku. Na hili la "kila mtu mtaani" mi silikubali kwa yeyote kati yao, kwa sababu mtaa wa halmoni ni wazee wa kanisani kwake na mtaa wa ba'mdogo ni wenzake wa kahawa. Tofauti ninayoiona ni kwamba halmoni akibisha unaweza kumwambia twende tukaangalie. Ba'mdogo ukimbishia unamwambia twende wapi?

Nikajaribu kumhoji kama nilivyokuwa namhoji halmoni, haki ni haki. Nikasema shikamoo kwanza, ba'mdogo usikasirike, ulikaa kituoni muda wote? Akasema muda wote. Ma'mdogo kutoka jikoni, hata hakugeuka: "Muda wote wapi, si ulikuja hapa ukala ugali?"

Kimya.

"Dakika ishirini," ba'mdogo akasema.

"Ukaomba na maziwa."

Nikacheka, akacheka na yeye, lakini niliona kimemuuma, miaka mitano hajawahi kuulizwa swali lile na mtu anayemtakia mema. Na mimi nikajiuliza, hivi namwamini kwa sababu ya kalenda au kwa sababu alinilipia ada ya fomu five? Sina jibu zuri. Kama dakika ishirini zinatosha kuharibu hesabu yake basi ni kwa sababu hakupewa ile karatasi moja ambayo ingemaliza ubishi, iwe ameshinda au ameshindwa. Hapo ndo nimesimama, anayetaka kunitukana anitukane.

Uchaguzi wa 2025 Tume ilikuwa imeshasema ni Oktoba 29. Chadema haikuwemo, Aprili haikusaini yale maadili ya uchaguzi, na Lissu, mwenyekiti wao, alikuwa ndani kwa kesi ya uhaini. Nilimuuliza ba'mdogo kama kuna chama kingine kimemfuata awe wakala akasema wamekuja vijana wawili, wamemwahidi posho na sare, hajawajibu. Ma'mdogo kashamjibia, kasema safari hii atakula kabla hajaondoka.

Jana asubuhi akaniita nje kwenye jua, kajifunga shuka, kashika bahasha. Anataka niipige picha ile kalenda kwa simu yangu ya Korea, eti kamera yake ni nzuri na wino umeanza kufifia, panya nao walishaonja kona moja. Nikaiweka juu ya ndoo nikapiga, nikavuta picha kubwa ili nimsomee, nikakwama kwenye namba ya katikati.

"Ba'mdogo, hii ni 138 au 188?"

Akachukua simu akaisogeza, akaiweka mbali, akaichukua kalenda yenyewe akaigeuza kwenye jua. Akaanza kuhesabu ile mistari mitano mitano kwa kidole, midomo inacheza, akafika penye kona iliyoliwa na panya akarudi kuanza upya.