Siku Bibi Alipoamka

Jana jioni Yusra kanifuata jikoni na ile atlasi ya baba yake, kidole kakibana katikati ya Urusi ili ukurasa usimpotee.

"Mama, huu mto mbona unapanda juu?"

Nilikuwa napika vibibi. Nikachungulia: Lena.

Nikamjibu ya kitabuni. Juu ya ramani si juu ya mlima. Lena unaanzia milimani karibu na Ziwa Baikal, unateremka kama kilomita 4,400 kuelekea kaskazini hadi Bahari ya Laptev, na karibu njia nzima ni msitu wa taiga. Hata Nile unaelekea kaskazini. Akaridhika, akaenda zake. Mimi ndiye sikuridhika, maana mto ule nimeuona ukiamka.

Ulikuwa Mei, mwaka wangu wa pili Yakutsk, mji wa Siberia ulio kando ya Lena. Rafiki yangu wa bwenini alinichukua kwao Tabaga, kijiji cha kusini mwa mji, nikaone barafu ikiondoka. Bibi yake alitupokea. Yeye hakusema "mto" hata mara moja. Alisema Ebe, na kwa Kisakha, lugha ya wenyeji wa kule, neno hilo ni bibi, mama wa mzazi wako.

Kilichokuwa kikiwatia watu hofu ni hiki: joto linafika chanzoni kwanza, kusini. Theluji inayeyuka, na kwa kuwa ardhi chini imeganda mwaka mzima, maji hayana pa kuzama, yote yanakimbilia mtoni. Huku mbele mto bado umefunga, barafu unene wa zaidi ya mita, ileile iliyobeba malori wakati wa baridi. Maji yanakuta mlango umekomewa. Barafu ikikwama, yanapanda kwenye nyumba za watu. Lensk, mji ulio karibu zaidi na chanzo cha mto huohuo, ulizama hivyo Mei 2001. Bibi alipoutaja alishusha sauti, kama anayetaja msiba wa jirani.

Asubuhi ukasikika mlio mmoja, mkavu, wa mbali. Kisha mto mzima ukasogea. Ulisogea kama mkeka unaovutwa na mtu wa ng'ambo, taratibu, bila kupasuka, na ile njia ya malori ilikuwa bado imechorwa juu yake. Niliiona barabara, na alama zake za matairi, ikipita mbele yangu kwenda kaskazini. Ndipo ikaanza kukatika. Pande moja kubwa kuliko gari lilisukumwa ukingoni, hatua chache kutoka tuliposimama. Nilipoligusa likabomoka mkononi, likawa vijiti virefu vyembamba kama mishumaa, vinaangaza, na vilipoanguka vililia kama bangili za kioo kwenye mkono wa bi harusi.

Bibi akafungua kitambaa. Ndani mlikuwa na alaadji, mikate yao midogo minene ya kukaanga, ya mviringo. Vibibi! Harufu ileile ya unga na mafuta ya moto. Akairusha mitatu mtoni huku akisema maneno ambayo rafiki yangu hakunitafsiria, kisha akanikabidhi mmoja.

"Na wewe mpe."

Bibi yangu mimi alikuwa na siku arobaini na mbili kaburini, Pangani. Sikuweza kwenda kumzika. Nilisita. Kwetu chakula hakitupwi, na niliogopa kufanya ibada isiyo yangu. Lakini mkono ulikuwa umeshanyanyuka. Mkate ukaangukia juu ya barafu, haukugusa maji, ukaenda nayo. Niliufuata kwa macho mpaka ukawa nukta. Nililia, na bibi yule alinishika kiwiko, hakuniuliza kitu. Mpaka leo sijui nilimpa nani.

Yusra alirudi kula, nikamsimulia. Akaacha kutafuna.

"Sasa ule mkate uliyeyukia wapi?"

Tukafungua atlasi tena katikati ya sahani. Nikamwonyesha Yakutsk, naye akaanza kusogeza kidole polepole: pale Aldan unapoingia, pale Vilyuy unapoingia, Zhigansk, hadi mto unapogawanyika matawi kama mizizi. Kidole kilikuwa na mafuta ya kibibi. Alama imebaki kwenye karatasi, kidogo kabla ya bahari.